Mwalimu Aliyetupimia Kivuli

Watu wa kwetu Naro Moru wakimtaja huvua kofia, hata wale ambao hawakusoma kwake. Mimi nikimtaja hukunja uso. Mume wangu amenikataza kuzungumza habari zake mezani kwa sababu chakula hunikwama kooni, na kweli hunikwama. Lakini kila mwaka hakosekani kijana, mara mwandishi, mara mtu wa kanisa, anayenijia na kuuliza, "Ati ulimjua Mwalimu?" Nilimjua. Ngoja niseme niliyoyaona, kisha wao waendelee na kofia zao.

Jina lake silitaji. Kwetu alikuwa Mwalimu tu, hata baada ya kuacha chaki na kuwa Mkuu wa Juu.

Juu ni ule mwamba unaoelea angani juu ya mashamba yetu, mpana kama soko la Karatina siku ya soko, na majengo ya mawe mgongoni mwake. Minyororo minene imeushika, imezamishwa ardhini kwenye misingi ya zege. Wazungu waliuinua zamani, mashamba yote yale yalipokuwa yao, ili wasomi wao wachunguze uganga mahali pasipofika kelele za watu. Upo mwingine mdogo Nyeri, na mwingine Kangari kwenye majani chai, na nasikia wachuma chai wa kule wanaupenda kwa sababu unawakinga jua. Sisi wetu hatukuupenda hata siku moja. Chini yake jua la saa sita halifiki, na mvua hainyeshi ila ile inayosukumwa na upepo kutoka pembeni. Mahindi huota manjano, maharagwe huoza kabla ya kukauka. Nyumba ya mama mlango wake ulielekea mlima, kama nyumba zote za kwetu, lakini ukisimama pale asubuhi ulichokiona ni tumbo la jiwe.

Baba alipata kipande kile Uhuru ulipokuja na shamba la mzungu likagawanywa. Alikipata kwa kura, na kura ikamtupa kivulini. Alisema heri kivuli chako kuliko jua la mwenzio. Akafa mwaka wa pili, tukamzika hapo hapo, na mama akabaki na mimi na jembe.

Mwalimu alikuwa mwembamba, mrefu, na koti moja la kahawia alilolipenda kupita kiasi. Wazungu walipokuwa Juu yeye alikuwa karani wao, na alijifunza uganga wao kwa kusikiliza tu akipanga faili. Aliporudi chini kutufundisha, alikuwa na uwezo wa kuliinua jiwe la ukubwa wa ngumi likasimama hewani juu ya meza darasa zima likiwa limekodoa macho. Alituambia, "Uganga si wa mzungu na si wa Mwafrika. Ni kazi, kama kupalilia. Ukiacha, magugu yanarudi." Sisi tuliokuwa na njaa ya kila kitu tulimwamini. Nilikuwa tayari kumfuata hata mlimani kwenye barafu.

Lakini huyo huyo alituchapa tukizungumza Kikuyu darasani. Fimbo yake ilikuwa ya mti wa mutamaiyu, nayo haikuwa na huruma. Na alipokuwa akiinua jiwe, tulimsikia akinong'ona, na alichokinong'ona kilikuwa Kikuyu kitupu, maneno ya nyanya yake. Siku moja Gathogo, kijana wa jirani yetu, alimwuliza kwa nini yeye hachapwi. Darasa lilicheka. Mwalimu alicheka pia, kisha akamchapa.

Jambo lingine ambalo wenye kofia hawalijui ni kwamba alikuwa mwoga wa kwenda juu. Mkuu wa Juu, mtu aliyepanda na kushuka kwa kile kikapu kikubwa cha kuvutwa kwa kamba maisha yake yote, alipanda akiwa amejifunika blanketi kichwani kama mgonjwa wa malaria. Kabla ya kuingia kikapuni alivua viatu na kunawa miguu kwenye karai, akisema si vizuri mtu kuondoka na udongo wa watu. Mimi ndiye niliyemshikia karai mara nyingi. Sasa nikikumbuka vile alivyosugua visigino, akihakikisha hajabeba hata chembe ya udongo wetu, natamani ningemmwagia yale maji.

Alikula kwetu kila Jumamosi. Juu hakuoti kitu, na nyumba ya mama ilikuwa ya mwisho kabla ya kikapu, kwa hiyo alianza kwa kuomba maji, akaendelea kwa kuomba nduma, na mwishowe mama akawa anampikia mukimo, viazi vya kupondwa na mahindi, bila kuombwa. Alikuwa na kiti chake, na mama alikishonea mto wa kitambaa. Hakuja mikono mitupu, siwezi kusema uongo: alileta sukari, alileta habari za dunia, alitengeneza redio yetu ikaacha kukoroma. Alipomaliza kula alisema, "Mama Wangechi, mkono wako una baraka," na mama, ambaye hakuwa na mtu mwingine wa kumsifu, alifurahi mpaka Jumatatu.

Sasa nifike kwenye matoka.

Ile minyororo ililegea wazungu wakiwa bado juu, na mwamba ukaanza kusogea, kila mwaka kidogo, kuelekea mashamba yaliyokuwa na jua. Watu walilalamika. Wazungu walisema ni macho yetu. Mwalimu, wakati huo bado anafundisha na ndiye katibu wa kamati ya mashamba, akawaita wazazi shuleni. Akawaambia wangoje mwezi wa tatu, jua likiwa utosini kabisa, kisha wapande matoka pale kivuli cha saa sita kinapoishia, kuzunguka pote. Kivuli kikiyavuka, kila mtu ataona, na hapo hata mzungu hatakana.

Asiyetoka kwetu hajui itoka ni nini. Ni ua la kawaida, jani pana, mzizi mnene. Lakini likishapandwa mpakani halitolewi. Anayeling'oa amejilaani, yeye na uzao wake, na hapo mlokole na mlevi wanasema neno moja. Watu wa kwetu waliweza kubishana kuhusu ng'ombe, kuhusu mahari, kuhusu kanisa lipi ni la Mungu, lakini walipofika kwenye itoka walinyamaza. Kwa hiyo wazo la Mwalimu lilipendwa. Siku ya kupanda, watu waliimba. Baba alikuwa bado hai, naye alipanda sehemu inayokabili nyumba yetu kwa mikono yake, magoti kwenye matope.

Halafu akaja mpima mashamba kutoka Nyeri. Alikuwa kijana wa kutoka magharibi, mpole, viatu vyake vimejaa matope, hana ubaya na mtu. Alitembea na matoka pote akizunguka, wazee nyuma yake, mimi na mama tukiwa miongoni mwa watu. Akasimama.

"Haya maua yamepandwa na nani?"

Baba yake Gathogo akajibu kwa fahari, "Si ni sisi wenyewe tulipanda. Na hakuna mtu anaweza kung'oa."

"Hata nyinyi?"

"Ata sisi. Itoka haitolewangi, kijana. Ukitoa unakufa."

Wazee wakaitikia, eee, ni hivyo. Walidhani wanailinda alama yao. Walidhani wanaiambia serikali kwamba mwamba usivuke hapa. Mpima akamgeukia Mwalimu, kwa sababu ndiye aliyejua Kiswahili safi na Kiingereza.

"Ni kweli, Mwalimu? Huu ni mpaka kwa mila ya hapa?"

Mwalimu alivua miwani, akaipangusa kwa koti lake la kahawia, akaivaa tena. Akasema, "Kwa mila ya hapa, matoka ni mpaka."

Hakuongeza neno. Hakusema ni mpaka wa kivuli na si wa shamba, jambo ambalo yeye ndiye aliyelibuni. Mpima akashukuru, akaenda zake. Hati zilipotoka, walio nje ya matoka walipata mashamba yao. Sisi wa ndani tukaambiwa ardhi yetu ni ya Juu, kwamba wenyewe tulishaizungushia mpaka na kuapa hautolewi, na kwamba tuko pale kwa kulima tu, kwa ruhusa. Baba alikuwa amezikwa ndani ya shamba la watu wengine kwa ua alilolipanda mwenyewe.

Na hakuna aliyeng'oa. Watu wa nje hunicheka nikisema hivyo. Mbona hamkuamka asubuhi moja na majembe? Nilimwuliza mama swali hilo hilo nikiwa msichana mwenye hasira, na mama akasema, "Nikitoa, nitakuwa nimesema baba yako alipanda uongo." Siku hiyo nilitoka nje nikapiga teke ukuta wa choo mpaka kidole kikavimba.

Baada ya muda mfupi wazungu walifunga mizigo, na Mwalimu akafanywa Mkuu wa Juu, Mwafrika wa kwanza. Wilaya nzima ilichinja. Alihutubia kutoka kikapuni kabla ya kujifunika blanketi: sasa Juu ni yetu, akasema, na jambo la kwanza ni kuusogeza mwamba uende juu ya msitu, kusikokuwa na mashamba, na jambo la ardhi litafuata. Mama alilia kwa furaha. Nami nililia, msinione mjanja.

Mwamba haukusogea kwenda msituni. Kila Jumamosi alishuka, akaketi kwenye kiti chake chenye mto, akala. Mama alimwuliza kwa adabu, "Mwalimu, ile maneno ya shamba?" Naye alijibu, "Subira huvuta heri, Mama Wangechi." Mara ni minyororo, mara ni wafadhili, mara ni kwamba utafiti uko mahali pabaya pa kuukatiza. Alikuwa anatafuta mvua. Alitaka kujua namna ya kuita mawingu yatoke mlimani yafike mpaka nchi kavu za kaskazini, na alizungumza habari hiyo macho yake yakimetameta, mukimo mdomoni, akiwa ameketi mahali ambapo kwa sababu yake hapakunyesha. Nilikuwa nikimtazama na kujiuliza kama haoni au hataki kuona. Subira! Mpaka leo mtu akiniambia subira huvuta heri natafuta kitu cha kumtupia.

Ningependa hasira yangu iwe safi, lakini haiwezi. Kifungua mimba wangu alizaliwa kabla ya wakati wake, hospitali kubwa ya Nyeri, mdogo mpaka pete yangu ilimpita mkononi. Muuguzi alimlaza kwenye kisanduku chenye mawe mawili ya kijivu, yenye joto la mwili, ambayo hayapoi usiku wala mchana. Niliuliza yametoka wapi. "Si ni ya Juu," akasema, "Mwalimu alituletea." Mtoto wangu aliishi. Sasa ni mtu mzima mwenye kelele nyingi. Kila nikitaka kumlaani yule mzee kwa moyo wote, yale mawe yanakuja mbele ya macho yangu, na hilo pia limenikasirisha, kwamba hata kumchukia hakuniachia nimchukie kwa raha.

Alizeeka. Vijana waliorudi kutoka vyuo vya ng'ambo wakamshukuru sana, wakamwondoa. Na hao vijana hawakuwa na habari za mukimo. Walitangaza kwamba ardhi ya ndani ya matoka itajengwa nyumba za wafanyakazi wa Juu, na wanaolima kwa ruhusa waondoke baada ya mavuno. Makaburi yangehamishwa kwa heshima, walisema. Mama alikuwa ameshapinda mgongo. Alisikiliza tangazo lile kwenye baraza la chifu, akarudi nyumbani, akafagia kaburi la baba, akalifagia tena.

Bwana D.O. mpya, yule ofisa wa tarafa, alikuwa mtu wa kusikiliza. Alituambia kwamba sisi wenyewe hatuwezi kushuhudia habari za matoka kwa sababu shamba ni letu na tutajipendelea, na wazee wa nje ya matoka waliokuwa pale wameshakufa wote. Lakini akitokea mtu asiye na shamba mle, aliyekuwepo, aseme yalipandwa kwa sababu gani, ataifungua kesi upya. Mtu wa namna hiyo alikuwa mmoja tu.

Nilimkuta Nyeri, kwenye chumba cha kupanga nyuma ya maduka. Kitanda, jiko, koti la kahawia kwenye msumari. Maisha yake yote angani, hakuwahi kujitafutia hata robo ekari. Alinitambua kwa sauti.

"Wangechi. Umenenepa, Mungu asifiwe."

"Mwalimu, sikukuja kusalimiana. Kuna baraza wiki ijayo. D.O. anataka mtu wa kumwambia hiyo matoka tulipandia nini."

Nikaona nikimpa nafasi atatafuta maneno mazuri, kwa hiyo nikauliza moja kwa moja. "Siku ile ya mpima, ulijua?"

"Nilijua," akasema. "Alipouliza, niliona swali linaelekea wapi. Niliwangoja nyinyi mseme."

"Utungoje sisi? Sisi tulikuwa tunakungoja wewe!"

"Wazungu walikuwa wameniambia, Juu isipokuwa na ardhi yake hapo chini, watakata minyororo waondoke nayo. Wangeipeleka kwao. Tungebaki na nini, Wangechi? Uhuru umekuja, na kitu pekee cha elimu kilicho juu yetu kinaelea kinaenda zake?"

"Ungetuuliza."

"Mngekataa."

"Ndio tungekataa! Ni yetu! Tungekataa na ungekubali tumekataa!" Nilipiga kelele mpaka mtu wa chumba cha pili akagonga ukuta.

Alingoja nitulie, kama alivyokuwa akingoja darasa. Kisha akauliza polepole, "Mtoto wako ako na miaka mingapi sasa?"

"Usimtaje mtoto wangu."

"Nauliza tu."

"Usimtaje. Utakuja ama hutakuja?"

Akasema atakuja. Niliondoka bila kunywa chai yake.

Alikuja, na lori la maziwa, akiwa amenyoa ndevu. Mbele ya D.O. na chifu na watu wote alisimama, akaeleza kila kitu bila kujikinga: minyororo, mwezi wa tatu, kivuli cha saa sita, mpima, na jinsi alivyonyamaza. D.O. akamwuliza, "Mzee, na kwa nini hukusema miaka hii yote?" Akajibu, "Sikuulizwa." Kidogo niruke benchi. Mama alimwuliza kila Jumamosi kwa miaka! Lakini jirani alinishika gauni, na nikaona ni heri nimwache amalize, kwa sababu D.O. alikuwa anaandika.

Wiki mbili D.O. alikaa na maneno yale, akaenda Nyeri akarudi, kisha akatuita tena, na Mwalimu akaitwa pia. Akasema matoka yabaki yalipo, kwa heshima ya mila, lakini ni alama ya kivuli na si mpaka wa shamba. Walio ndani wapewe hati zao. Hakuna kaburi litakaloguswa. Wanawake walipiga vigelegele mpaka ng'ombe wa mbali wakainua vichwa. Gathogo, mtu mzima na tumbo lake, alikuwa analia kama mtoto.

Mwalimu alikuja moja kwa moja kwa mama, mkono umenyooka. Mama hakuwa anasikia vizuri siku hizo, na ile siku ya ushahidi alikuwa mgonjwa, hakuja. Tulikuwa tumemwambia, lakini nadhani alitaka kusikia kwa mwenyewe.

"Mwalimu. Wanasema ulijua."

"Nilijua, Mama Wangechi."

"Tangu siku ya yule mpima?"

"Tangu siku hiyo."

Mama aliutazama ule mkono. Mikono yake mwenyewe ilibaki ndani ya shuka.

"Na ukawa unakula kwangu," akasema.

Akajifunga kitambaa vizuri, akashika njia ya nyumbani. Mwalimu alibaki amesimama na mkono wake, kisha akaurudisha, akaketi kwenye benchi la baraza.

Siku ile kila nyumba ya kwetu ilipika. Moshi ulitoka kila mahali, kuku walichinjwa, watu waliitana kutoka ua hadi ua, D.O. alikokotwa nyumba tatu akala zote. Kwetu mzee hapiti siku ya chakula bila kuitwa, hata akiwa adui. Nilipita pale kwenye benchi jioni nikitoka kuteka maji, naye alikuwa bado ameketi, akilingoja lori la maziwa. Hakuna aliyekuwa amemwita. Alinisalimu kwa jina, nami nikaitikia kwa adabu, kama nilivyofunzwa. Kisha nikaenda nyumbani tukala.